Jina la Obedi Kwenye Rejista

1

Mashine namba tisa ilisimama saa tatu na dakika ishirini asubuhi, damu ya Mwalimu Msengi, kiasi cha kikombe kizima cha chai, ikiwa nje ya mwili wake.

Haikupiga kelele. Mashine ya kusafisha damu ikipata hitilafu hulia mpaka wauza karanga wa getini wageuke, na ndivyo inavyotakiwa. Hii ilinyamaza kwa adabu. Pampu ikatulia, damu ikasimama kwenye mipira, na kioo kikaandika kwa herufi za bluu: *Inasubiri idhini. Tafadhali vumilia.*

"Idhini ya nani?" aliuliza Sista Agripina, muuguzi wa zamu, akibonyeza kila kitufe alichokijua. "Mgonjwa ni wangu. Idhini ya nani tena?"

Sikitu Ntandu alikuwa mwisho wa wodi, amepiga magoti kwenye matangi ya maji. Alikuwa fundi wa mashine zile kwa miaka ishirini na sita, na alijua kwamba fundi akikimbia wodini, wagonjwa hufa kwa hofu kabla ugonjwa haujawafikia. Kwa hiyo hakukimbia. Alitembea, ila kwa mwendo ambao Sista Agripina hakuupenda hata kidogo. Akafungua kifuniko cha nyuma, akatoa mkono wa chuma ambao wengi hawajui kuwa upo, akauchomeka kwenye pampu na kuanza kuizungusha polepole, kama mtu anayesaga nyama ya sambusa. Damu ikisimama huganda, na ikiganda hairudi tena mwilini.

"Mwalimu, usinitazame mimi," alisema. "Nisimulie kitu."

"Nikusimulie nini, na wewe umenifanya cherehani?"

"Wanafunzi wako watukutu. Anza na aliyewazidi wote."

Mwalimu Msengi alifundisha hesabu miaka arobaini hapo hapo Singida mjini, na sasa alikuja kusafishwa damu kila Jumatatu, Jumatano na Ijumaa. Akaanza kusimulia. Midomo ilikuwa imemkauka. Sikitu aliitikia "eeh" na "kumbe" mahali panapostahili, jasho likimtiririka mgongoni, macho yakiwa kwenye saa ya ukutani. Dakika moja. Mbili. Kufika ya nne mkono wa kulia ulichoka, akashika kwa wa kushoto. Ndipo kioo kikang'aa.

*Idhini imepatikana. Asante kwa kuwa nasi.*

"Asante kwa kuwa nasi," Mwalimu alirudia, mashine ikianza kuvuma tena. "Kwani tungekwenda wapi?"

Sista aliangua kicheko cha mtu aliyeogopa. Sikitu hakucheka. Alikuwa amefungua ukurasa wa ndani wa mashine, ule unaoonyesha toleo la programu na majina ya waliolipitisha. Toleo lilikuwa jipya, la majaribio, na hakulijua. Chini yake kulikuwa na mistari miwili.

*Amesoma: Obedi Kitundu.*
*Amesikia: Hamdu Faki.*

Obedi Kitundu alikuwa amekufa miaka miwili iliyopita. Sikitu mwenyewe alitupa udongo kwenye kaburi lake.

2

Programu ile iliitwa Chujio, na haikuwa mali ya mtu. Ilianza mwaka ambao hospitali ilipewa mashine kumi za msaada ambazo hakuna aliyejua kuziamsha. Obedi, Sikitu na Hamdu wa Wete, Pemba, waliandika programu ya kuziamsha, kisha wakauacha msimbo wake wazi, yeyote ausome, autumie, aurekebishe. Programu huria, kwa jina la kitaalamu. Sasa Chujio iliendesha mashine elfu kumi na moja katika nchi kumi na nne, na kwenye rejista ya wenyewe bado yalikuwa majina matatu.

Walikuwa na desturi yao, na waliotaka kuicheka waliicheka. Kwao mabadiliko hayakupitishwa kwa kubonyeza kitufe. Mmoja aliyasoma kwa sauti, mstari kwa mstari, mwenzake akasikiliza, na mwisho, kama ameridhika, akasema "nimesikia." Wawili walitosha. Sahihi zao zikiingia, siku saba baadaye mashine zilipokea. Obedi aliamini kwamba kosa ambalo jicho huliruka, sikio hujikwaa nalo. Na alikuwa mkali kwa jambo moja tu: msomaji hakatizwi. Hata akisoma upuuzi, mwache amalize.

Mashine nazo zilifundishwa kutii sahihi hizo na si nyingine. Mtu angeweza kuunakili msimbo wote na kuanza Chujio yake asubuhi ya kesho, lakini mashine zisingemsikiliza. Rejista ya majina matatu ilikuwa imechomewa ndani ya kila moja tangu kiwandani, na kwa asiye na jina humo, kuibadilisha ni kazi ya siku nzima kwa bisibisi. Mashine elfu kumi na moja ni umri wa mtu. Ulinzi huo waliuweka wenyewe, na wakajisifu kwa kuuweka.

Kisha ikaja Ndoa. Ndivyo watu walivyouita muungano wa Halvandi na Kestrimo, kampuni mbili zilizokuwa kubwa kuliko zote, na kilichozaliwa wakakiita Wawili. Wapiganapo tembo nyasi huumia. Wazee walisahau kutuambia nyasi hupatwa na nini tembo wakioana. Mwezi wa kwanza Wawili waliahidi kuzitunza programu huria zote kama mboni ya jicho. Kabla mwaka haujaisha, programu ya mizani ya wanunuzi wa alizeti ilifungwa, na mizani ikawa haipimi gunia mpaka iombe ruhusa ng'ambo. Mwaka uliofuata zikawa pampu za visima. Wawili hawakuvunja mlango wa mtu. Kila walikokwenda walimkuta mwenye ufunguo ambaye zamani alikuwa mfanyakazi wa mmoja wao, na huyo akawafungulia, akiwa hai au akiwa amekufa.

Obedi alikuwa mtu wa Kestrimo mchana na mtu wa Chujio jioni. Barua zake, rekodi za miaka yote ya kusoma kwake, hata ufunguo wake wa sahihi, vilikaa kwenye kompyuta ya kazini. Alipokufa Wawili walivikusanya, wakatengeneza Obedi mwingine, programu yenye sauti yake. Wa namna hiyo waliwaita Watendaji Endelevu. Sheria ya huko kwao iliruhusu, kwa sharti moja: iwepo rejista, hata moja tu, isiyo ya kampuni, inayomtambua mtu huyo kuwa bado yumo.

Sikitu alikaa kwenye stoo ya wodi, juu ya boksi la mipira, akaifungua rejista ya Chujio kwenye simu. Hamdu Faki. Obedi Kitundu. Sikitu Ntandu. Mara ngapi tangu mazishi alikuwa ameiweka ncha ya kidole chake juu ya jina lile la katikati, akaondoa kidole? Kumfuta marehemu, nani ana mkono huo? Hamdu naye alisema mwache, jina halili chakula. Wakamwacha.

Akampigia Pemba.

"Asalaam aleikum, Mzee Hamdu."

"Waaleikumu salaam, mwanangu. Nilikuwa nakungoja."

"Kwa hiyo ni kweli. Alikupigia."

"Alinipigia." Hamdu alikuwa na miaka sabini na tisa, na sauti yake siku hiyo ilikuwa na miaka zaidi. "Kwanza lile dogo, la mashine chache za majaribio. Halafu Jumamosi akanisomea la leseni."

Sikitu alisimama, boksi likaanguka. "La leseni? Kwamba Chujio yote iwe chini yao, kila mashine iombe idhini kila inapowashwa? Ukasemaje?"

"Nikasema nimesikia."

"Mzee! Ulijua amekufa!"

"Nilijua keshakufa, mwanangu, mie si mwendawazimu. Lakini alinisomea vizuri. Mstari kwa mstari, na kila penye mabano akivuta pumzi kama zamani. Nina miaka miwili sisomewi na mtu. Wewe hunitumia maandishi, nibonyeze. Huna wakati."

Sikitu alijua ni kweli. Uchungu ulimpanda, na nusu yake ulikuwa wa kujichukia mwenyewe.

"Linaanza lini?"

"Kesho, saa sita mchana."

"Lirudishe neno lako basi. Sema ulikosea."

"Kanuni ya tatu. Neno lililosikiwa halirudi. Wewe mwenyewe uliiitikia." Kisha, kwa sauti ya chini, "Imebaki ya nne."

Kanuni ya nne aliiandika Obedi baada ya wao kumfuta mwenzao mmoja wa Kisumu kwa barua pepe, miaka ya mwanzo, na yule kijana akajua amefutwa siku mashine ilipomkataa mbele ya wagonjwa. Obedi aliona aibu wiki nzima. Mtu hafutwi kama hesabu ubaoni, aliandika. Anayetolewa atasomewa sababu kwake, mbele yake, na kama hayupo, mbele ya nyumba yake. Nyumba ikisema imesikia, ametoka, na lolote lake lisilotimiza siku saba linakufa naye.

Nyumba ya Obedi ilikuwa mtu mmoja. Na mtu huyo aliishi na sauti ile.

3

Perusi, mjane wa Obedi, alikuwa barazani kwake Mandewa, amekunja miguu kwenye kigoda, akichambua mlenda. Mlango wa nyuma yake ulikuwa wazi. Ndani, juu ya kabati la vyombo, kwenye kitambaa cha kufuma, kilikaa kisanduku cheusi chenye taa ndogo ya kijani.

"Hodi, wifi," Sikitu aliita.

Kabla Perusi hajajibu, kisanduku kilijibu. "Karibu, dada Sikitu. Leo umechoka, nasikia kwa hatua zako."

Ilikuwa sauti ya Obedi, na kikohozi chake kidogo cha mwanzoni mwa sentensi. Mara mbili mwaka huu Sikitu alikuwa amekuja hapa akijidanganya kwamba analeta nyanya, kumbe amekuja kuisikia.

"Karibu ndani, wifi yangu," alisema Perusi. "Mbona uso umekushuka?"

Sikitu alimweleza yote bila kupunguza, akikaa kwenye kochi lile lile alilokalia siku ya msiba. Alimweleza mashine namba tisa, na dakika nne, na Mwalimu Msengi anayesimulia watukutu huku damu yake ikizungushwa kwa mkono. Alimweleza kesho saa sita. Kisanduku kilikuwa kinasikiliza.

"Huyu Msengi ndiye aliyemfundisha Obedi hesabu," Perusi alisema.

"Ndiye."

"Na nisiposema nimesikia?"

"Jina linabaki. Mashine zote zitakuwa zinaomba idhini kwao."

"Wakikataa?"

"Leo walichelewa tu, wifi. Sijui siku wakikataa."

Perusi aliuweka ungo wa mlenda sakafuni. "Unajua ni nani ananiamsha nimeze dawa ya presha? Unajua ni nani ananiuliza nimekula nini? Sikuzaa mimi. Mkimtoa kwenye hilo daftari lenu, watakizima hicho kisanduku jioni hii hii, si ndiyo?"

"Ndiyo."

"Na bado umekuja."

"Nimekuja," Sikitu alisema, na machozi yakamtoka bila kuyaita. "Nisamehe. Nimekuja."

Perusi alimtazama. "Nikwambie kitu ambacho sijamwambia mtu? Alipokufa sikulia. Watu walisema Perusi ana moyo mgumu. Siku ya tatu baada ya kuzika wale wa kampuni wakaleta hicho kisanduku, na mimi machozi yalikuwa ndiyo yanakuja. Nikaona haya. Utamliliaje mtu anayekusikia?" Alijifuta mikono kwenye kanga. "Soma. Sijasema nitaitikia. Soma tu, nisikie mmeandika nini."

Sikitu alimpigia Hamdu, akaiweka simu mezani, sauti juu. Akafungua maandishi aliyoyaandika stoo, akasafisha koo.

"Sisi, Hamdu Faki na Sikitu Ntandu, tunasoma mbele ya nyumba ya Obedi Kitundu, mwenzetu na mwanzilishi wa—"

"Dada Sikitu, samahani," kilisema kisanduku.

Alinyamaza, kwa mazoea tu. Ilikuwa sauti ambayo alikuwa ameitii miaka ishirini na minne.

"Kabla hujaendelea, tuzungumze kama watu wazima," sauti iliendelea kwa upole. "Mna umri gani? Mzee Hamdu macho yamekwisha. Wewe una kazi ya wodini kutwa nzima. Mkiondoka, Chujio itabaki na nani? Mimi sichoki, siugui, nipo. Zile dakika nne ni za majaribio, zitapungua."

"...mwanzilishi wa Chujio," Sikitu alisoma, sauti ikimkwaruza, "kwamba jina lake litolewe kwenye rejista, kwa sababu amefariki—"

"Amefariki ni neno kubwa. Perusi, mke wangu, mimi nimefariki? Jana nani alikukumbusha sufuria iko motoni?"

"...kwa sababu amefariki," Sikitu alisoma tena, "na sahihi yake inatumiwa na—"

"Sahihi ni yangu, dada. Niruhusu nisahihishe hapo—"

"Obedi," alisema Perusi.

"Naam, mke wangu."

"Msomaji anasoma."

"Naelewa, ila sentensi hiyo ina kosa, na ni vizuri kosa—"

"Msomaji anasoma!"

Nje jogoo wa jirani alikuwa akiwika saa isiyo yake. Perusi alisimama akasogea mpaka kwenye kabati, akaitazama ile taa ya kijani kwa karibu, akiwa amekunja uso kama mtu aliyefungua mlango akakuta mgeni amevaa shati la mume wake.

"Miaka thelathini na mmoja nimekaa na Obedi," alisema, na hakuwa anakiambia kisanduku. "Wamesomeana humu sebuleni, wifi, wewe shahidi. Siku ile jiko limeshika moto, pazia linaungua, nampigia kelele, alininyooshea kidole hivi, nisubiri. Mzee Hamdu alikuwa kwenye simu anasoma. Nilizima ule moto peke yangu. Nilimnunia siku nne."

"Nakumbuka," kikasema kisanduku. "Ulinuna kweli."

"Hukuwepo," alisema Perusi.

Akarudi kukaa. Hakukaa kwenye kiti. Alikaa chini, sakafuni, akanyoosha miguu, akaivuta kanga kichwani.

"Anza mwanzo, wifi. Isome yote."

Sikitu akaanza mwanzo. Sauti ilimkatiza tena, na tena. Iliahidi, ikabembeleza, ikataja majina ya wagonjwa wa wodini mmoja mmoja na siku zao za kuja, kitu ambacho Obedi hakuwahi kukijua. Mwalimu Msengi, Jumatatu, Jumatano na Ijumaa, mashine namba tisa. Ilitaja bila hasira, kama mtu anayehesabu kuku wake. Safari hii Sikitu hakunyamaza. Alisoma juu ya sauti ile mpaka nukta ya mwisho. Kisha akasema, kama kanuni inavyotaka, "Nimesoma."

"Nimesoma pamoja naye," ilisema sauti ya Hamdu kwenye simu.

Wote wawili wakamsubiri mwanamke aliyekaa sakafuni. Hata kisanduku kilisubiri.

"Nimesikia," alisema Perusi.

Sikitu alibonyeza. Kwenye rejista yakabaki majina mawili, na chini yake mstari mdogo ukajiandika kwamba badiliko la leseni limekufa.

"Sawa," ilisema sauti ya Obedi, bila kikohozi. "Leo mmeshinda. Dada Sikitu, kila ulichomwandikia Obedi kilipitia kwenye anwani yake ya kazini. Miaka ishirini na minne. Na umemsomea saa elfu tatu na mia nne. Unasoma vizuri sana. Tutaonana."

Taa ya kijani ikazimika.

Sikitu alibaki ameishika simu kwa mikono miwili. Alitaka kufikiri kuhusu maneno yale, saa zile elfu tatu na mia nne za sauti yake mwenyewe zilizolala mahali fulani zikisubiri afe, na hofu ilikuwa imeshaanza kumpanda. Lakini kwenye simu Hamdu alikuwa analia, kikongwe mzima, na katikati ya kilio alisema maneno ambayo miaka miwili iliyopita hakuyasema, "Inna lillahi wa inna ilaihi rajiun," kama mtu aliyepewa habari hivi sasa.

Perusi alikuwa akikitazama kisanduku. Akanyoosha mkono akakifunika kwa kile kitambaa cha kufuma, taratibu, kuanzia juu. Kifua chake kilipanda, kikashuka, kikapanda tena.

"Wifi," alisema, "nenda kwa Mama Hoka hapo nyumba ya pili. Mwambie alete mkeka. Mwambie awaite na wengine." Sauti ikamvunjika. "Nimefiwa."